Admirali aliyepigana kwa hesabu: Fredrik Henrik af Chapman

Leo tunaweka lugha za programu kando kidogo na kurudi nyuma miaka zaidi ya mia mbili, hadi Uswidi. Usikimbie, tarakilishi itapata nafasi yake.

Nilipokuwa mwaka wa pili chuoni tulikuwa na somo la hesabu za kukadiria. Ni lile somo unaloiagiza tarakilishi itafute jibu ambalo kwa kalamu lingekutoa jasho. Humo ndimo nilimokutana na kanuni ya Simpson. Niliikariri, nikaiandika kwa lugha ya C, nikapata alama zangu, nikaisahau. Hakuna aliyetueleza kama kanuni hiyo iliwahi kumsaidia mtu yeyote nje ya chumba cha mtihani.

Miaka kadhaa baadaye nilikuwa nikisoma habari za meli, usiku, bila sababu yoyote ya maana, nikaliona tena jina la Simpson. Safari hii lilikuwa kando ya jina la ofisa wa jeshi la majini la Uswidi, mtu aliyefikia cheo cha makamu wa admirali bila kuongoza kundi la meli vitani hata siku moja. Silaha yake ilikuwa penseli. Huyu ndiye Fredrik Henrik af Chapman.

Kwanza, meli iliyozama

Ili uelewe kazi ya Chapman, anza na aibu iliyowapata Waswidi karibu miaka mia moja kabla hajazaliwa. Tarehe 10 Agosti 1628, manowari mpya ya mfalme, iliyoitwa Vasa, iling'oa nanga Stockholm kwa safari yake ya kwanza. Ilikuwa na mizinga 64, mapambo ya dhahabu, na sitaha mbili za mizinga. Ilikwenda mita 1,300 hivi. Upepo ukaisukuma, ikalala ubavu, maji yakaingia kwenye matundu ya mizinga, ikazama mbele ya umati uliokuja kuiaga. Watu wapatao 30 walikufa.

Kinachoniuma mimi kama mwandishi wa programu ni hiki: meli ilijaribiwa kabla ya kuondoka! Mabaharia 30 waliambiwa wakimbie kutoka ubavu mmoja hadi mwingine. Baada ya mizunguko mitatu meli iliyumba vibaya hata jaribio likasimamishwa, kwa hofu kwamba ingepinduka hapo hapo gatini. Kisha wakaendelea na mipango ya safari. Fundi mkuu aliyeianza alikuwa ameshafariki mwaka wa 1627, mfalme alikuwa vitani na alikuwa akiihimiza meli itoke. Uchunguzi ulipofanywa, hakuna aliyeadhibiwa. Sijui wewe, lakini mimi nimekaa kwenye mikutano inayofanana na hiyo.

Tusiwaonee mafundi wale. Wakati huo hapakuwa na njia ya kupiga hesabu ya uthabiti wa meli kabla ya kuiunda. Fundi alijua vipimo alivyorithi kwa baba yake, na jicho lake. Jicho la fundi si kitu cha kudharau, limevusha watu bahari tangu zamani. Tatizo ni kwamba jicho linajua kile lilichokwisha kuona. Mpe fundi yule meli ya aina mpya, yenye sitaha moja zaidi ya mizinga, na uzoefu wake wote unageuka kuwa bahati nasibu.

Mtoto wa gatini

Chapman alizaliwa tarehe 9 Septemba 1721 huko Göteborg, ndani kabisa ya eneo la kuundia meli za jeshi. Baba yake, Thomas Chapman, alikuwa Mwingereza aliyehamia Uswidi na kuajiriwa katika jeshi la majini. Mama yake, Susanna Colson, alikuwa binti wa muunda meli wa London. Kwa hiyo mtoto huyu alinusa lami na mbao kabla ya kujua kusoma.

Alianza na mikono. Akiwa na miaka 15 alikwenda baharini. Kati ya 1741 na 1744 alifanya kazi Uingereza kama seremala wa meli. Aliporudi Göteborg alifungua karakana ya meli pamoja na mfanyabiashara mmoja, na kati ya kazi zao ilikuwa kutengeneza meli za Kampuni ya Uswidi ya India Mashariki. Biashara ilikuwepo, jina lilikuwepo, na hakuwa na haja ya kwenda popote.

Lakini Chapman aliona kasoro moja ambayo haikumwachia usingizi. Meli mbili zilizoundwa kwa vipimo vinavyokaribiana zingeweza kutofautiana sana baharini: moja ikakimbia, nyingine ikasuasua. Ukimuuliza fundi kwa nini, hana jibu. Na kama hujui kwa nini meli nzuri ni nzuri, utawezaje kuunda nyingine kama hiyo?

Mwaka wa 1748 akaiacha karakana na kurudi shuleni. Fikiria: mtu wa miaka 27, fundi kamili, anakaa chini kujifunza hesabu kama mwanafunzi. Alisoma Stockholm miaka miwili, kisha akaenda London kwa mwalimu aliyeitwa Thomas Simpson. Naam, Simpson yule yule wa mtihani wangu! Naye Simpson hakuwa mtoto wa kasri. Alikuwa mfumaji wa nguo, mwana wa mfumaji, aliyejifundisha hesabu mwenyewe hadi akawa mwalimu wa chuo cha kijeshi cha Woolwich. Kanuni yenyewe haikuwa mpya pia. Kepler alikuwa ameshatumia njia ya namna hiyo mwaka wa 1615 kupima ujazo wa mapipa ya mvinyo. Na meli ni nini, kama si pipa lenye umbo la ajabu?

Kanuni yenyewe kwa ufupi

Hapa wasomaji wa hesabu changamkeni, wengine vumilieni aya tatu tu.

Meli huelea kwa sababu inasukuma maji yenye uzito sawa na wake. Kwa hiyo ukijua ujazo wa sehemu iliyo chini ya maji, unajua meli itabeba uzito gani. Shida ni kwamba sehemu hiyo imepinda kila upande na haina kanuni ya shuleni. Suluhisho ni hili: ikate kwa mawazo vipande kama mkate, kwa umbali ulio sawa kutoka omo hadi tezi, upime eneo la kila kata. Kisha zidisha maeneo hayo kwa 1, 4, 2, 4, 1 kwa mpangilio huo, jumlisha, zidisha kwa umbali kati ya kata, gawanya kwa 3. Basi.

Tuchukue mfano wangu wa kubuni. Meli ya mita 40, kata tano zilizoachana mita 10, maeneo yake ni mita za mraba 0, 30, 45, 28 na 0. Tunapata 0 + 120 + 90 + 112 + 0 = 322. Zidisha kwa 10, gawanya kwa 3: mita za ujazo 1,073 hivi. Kwa maji ya bahari hiyo ni kama tani 1,100. Umejua uzito meli itakaobeba kabla hujakata hata mti mmoja.

Njia hiyo hiyo inakupa kitu kikubwa zaidi: kama meli itasimama au italala. Mfaransa Pierre Bouguer alichapisha mwaka wa 1746 kitabu kilichoeleza nukta inayoitwa metasenta. Kwa maneno mepesi, kitovu cha uzito wa meli lazima kiwe chini ya nukta hiyo, la sivyo meli ikiinama haiinuki. Na urefu wa metasenta hutegemea sana upana wa meli pale inapokutana na maji. Ukizidisha upana mara mbili, mchango wa umbo la mkato ule unaongezeka mara nane. Ndiyo maana Vasa, nyembamba na yenye uzito mwingi juu, haikuwa na nafasi. Bouguer alikuwa na nadharia. Kilichohitajika ni mtu anayejua nadharia na anayejua pia jinsi ubao unavyopindwa.

Mwanafunzi anayeshukiwa

Chapman alizunguka kwenye viwanda vya manowari vya Uingereza: Deptford, Woolwich, Chatham. Kuuliza maswali mengi kiwandani mwa jeshi la nchi nyingine si jambo la salama. Waingereza walimkamata, wakashika michoro na karatasi zake, wakimshuku kuwa amekuja kuiba siri au kurubuni mafundi wao. Hawakupata siri yoyote, akaachiliwa. Akaendelea na safari: Uholanzi, kisha Ufaransa, ambako katika bandari ya Brest alifuatilia hatua kwa hatua uundaji wa manowari ya mizinga 64 iitwayo Célèbre. Mwaka wa 1757 akarudi nyumbani kulitumikia jeshi la Uswidi.

Matunda ya kuzunguka huko yalichapishwa Stockholm mwaka wa 1768 kwa jina la Architectura Navalis Mercatoria. Ni kitabu cha picha 62 kubwa za michoro ya meli: za biashara, za posta, za maharamia wenye kibali cha serikali, hadi mashua ndogo. Ukiitazama michoro hiyo leo bado inapendeza, na mtu anayeunda meli za mfano nyumbani anaweza kuifuata. Miaka saba baadaye, 1775, akatoa kitabu cha maelezo: jinsi ya kupata ujazo, uthabiti, ukinzani wa maji, ukubwa wa matanga. Kilitafsiriwa kwa Kifaransa, na mwaka wa 1820 kikatolewa kwa Kiingereza.

Hebu tulia hapo kidogo. Mtu aliyekamatwa kwa kushukiwa kuiba siri, alipopata siri zake mwenyewe alizichapisha. Karakana zilikuwa zikifunga vipimo vyao kama urithi wa ukoo. Chapman aliweka wazi njia yake, mtu yeyote aipige tena na kuikosoa.

Werevu ulioshindwa

Msidhani kila alichogusa kiligeuka dhahabu. Pwani ya Ufini na ile ya Stockholm zina visiwa vidogo maelfu kwa maelfu, njia nyembamba na maji ya kina kifupi. Manowari kubwa haiwezi kupita humo. Chapman na Augustin Ehrensvärd, mjenzi wa ngome ya Sveaborg, walibuni aina mpya za meli za matanga na makasia pamoja. Wakazipa majina ya mikoa ya Ufini: turuma, hemmema, pojama na udema.

Kwenye karatasi zilivutia. Udema, kwa mfano, ilikuwa na mizinga katikati ya sitaha inayoweza kugeuzwa upande wowote. Kwa vitendo, zilizoundwa zilikuwa chache, haikuonekana kufaa. Turuma nayo ilikuwa nzito kwa makasia. Kitu kinachojaribu kuwa meli ya matanga na ya makasia kwa wakati mmoja mara nyingi huwa nusu ya kila kimoja.

Kilichokuja kufaa ni kitu kidogo kisicho na mbwembwe. Miaka ya 1770 Chapman alichora mashua za mizinga. Mashua nyembamba ya makasia, mzinga mzito mmoja au miwili, mlingoti unaoweza kulazwa. Rahisi kuunda, ngumu kuilenga, na ukipoteza moja hujapoteza vita. Kila nikikutana na mradi wa programu unaotaka kufanya kila kitu, nakumbuka udema na mashua hizi.

Meli ishirini kwa miaka mitatu

Mwaka wa 1772 alipewa daraja la ukabaila, ndipo jina likawa af Chapman. Kilele cha kazi yake ni 1782. Mfalme Gustav III alitaka jeshi jipya la majini, na Chapman, akishirikiana na Admirali Henrik af Trolle, akapewa kiwanda cha Karlskrona. Mpango: manowari kumi na frigeti kumi, upesi.

Zilikamilika kufikia 1785. Zote ishirini.

Siri haikuwa viboko wala kukesha. Ilikuwa mchoro mmoja kwa kundi zima. Frigeti zote kumi zilifuata mchoro mmoja, kuanzia Bellona. Manowari zilifuata ule wa Kronprins Gustaf Adolf ya 1782. Mchoro ukishapigiwa hesabu, mataruma, yaani mbavu za meli, yanaweza kukatwa mapema kwa kipimo kile kile, huku mengine yakiunganishwa chelezoni. Timu moja inakata, nyingine inaunga. Fundi hahitaji kuamua upya kila asubuhi. Hii ilikuwa zaidi ya karne moja kabla ya viwanda vya magari kutufundisha neno la uzalishaji wa mfululizo.

Manowari zilipewa majina ya sifa njema: Rättvisan maana yake Haki, Ömheten ni Upole, Försiktigheten ni Busara, Tapperheten ni Ushujaa. Chapman mwenyewe alipandishwa kuwa admirali wa nyuma, cheo kilicho chini ya makamu wa admirali, mwaka wa 1783.

Kile ambacho hesabu haikukipima

Mwaka wa 1788 Gustav III alianzisha vita na Urusi. Tarehe 17 Julai makundi mawili ya meli yalikutana Hogland, katika Ghuba ya Ufini. Hakuna aliyeshinda wazi. Kila upande uliteka meli moja. Waswidi walichukua manowari ya Kirusi iitwayo Vladislav.

Ndani ya Vladislav kulikuwa na homa. Iliingia kwa mateka, ikasambaa katika meli za Waswidi, ikafika Karlskrona, na majira ya baridi yaliyofuata iliua maelfu ya mabaharia na raia. Meli zilizoundwa kwa miaka mitatu, kwa hesabu safi kuliko zote Ulaya, zilikosa watu wenye afya wa kuvuta kamba.

Sehemu hii iliniuma kwa sababu yangu mwenyewe. Miaka michache iliyopita niliandika programu ya kuweka kumbukumbu za wagonjwa katika zahanati moja. Msimbo ulikuwa safi, niliujaribu kila upande. Baada ya miezi miwili wahudumu walikuwa wamerudi kwenye vitabu vyao vya karatasi. Walikuwa wawili tu kwa foleni ya watu mia, na hakuna aliyekuwa na nafasi ya kuandika huku mtoto analia. Nilipima kila kitu isipokuwa wao. Kwa muda mrefu niliwalaumu. Siwalaumu tena.

Vita viliendelea. Kronprins Gustaf Adolf ilikwama mwambani Agosti 1788, Warusi wakaichoma. Tarehe 3 Julai 1790 Waswidi walijitoa kwa nguvu katika mtego wa Ghuba ya Viborg na kupoteza manowari kadhaa, miongoni mwao Ömheten na Rättvisan. Haki ilitekwa! Warusi wakaliacha jina lake kwa matamshi yao, Retvizan, na likarithiwa hadi na meli ya chuma iliyopigana na Wajapani huko Port Arthur mwaka wa 1904.

Siku sita tu baada ya Viborg, tarehe 9 na 10 Julai 1790, kule Svensksund, mashua ndogo za mizinga zilifanya kazi yake. Kati ya visiwa na upepo mbaya, meli za Warusi ziligongana na kuzama, wakapoteza makumi ya meli na maelfu ya watu. Ni ushindi mkubwa kuliko wote wa Uswidi baharini. Mwezi uliofuata amani ikatiwa saini Värälä, na mipaka ikabaki pale pale ilipokuwa kabla ya risasi ya kwanza.

Mzee na birika la maji

Mwaka wa 1791 alipewa cheo cha makamu wa admirali, na 1793 akastaafu. Ungedhani atapumzika. La. Katika shamba lake la Skärva, nje ya Karlskrona, mzee huyu wa zaidi ya miaka 70 alikokota vielelezo vya mbao ndani ya birika la maji, vikivutwa kwa kamba na mawe ya uzani, akipima umbo lipi linapita kwa urahisi. Mwaka wa 1795 akachapisha matokeo.

Matokeo hayo hayakuleta jibu la mwisho. Kielelezo kidogo hakifanyi mawimbi kama meli kubwa, na njia sahihi ya kuhamisha vipimo kutoka kidogo kwenda kikubwa ilipatikana kwa Mwingereza William Froude, aliyejenga birika lake Torquay miaka ya 1870. Lakini mtazame Chapman: ana sifa zote duniani, vitabu vyake vinasomwa, na bado anataka kujua amekosea wapi. Alifariki Karlskrona tarehe 19 Agosti 1808, akiwa na miaka 86.

Leo ukifika Stockholm utaona meli nyeupe ya milingoti mitatu iitwayo af Chapman, imefungwa gatini na ni nyumba ya kulala wageni. Hakuiunda yeye. Iliundwa Uingereza mwaka wa 1888. Vasa nayo iliinuliwa kutoka chini ya maji mwaka wa 1961 na iko kwenye jumba lake la makumbusho mjini humo humo. Iliyoshindwa ina watalii wengi zaidi. Ndivyo dunia ilivyo.

Mimi nimerudi kwenye daftari langu la chuo, nikaifungua ile programu ya C ya kanuni ya Simpson. Bado inafanya kazi. Safari hii nimeipa kata tano za meli, ikanipa 1,073. Na ile zahanati nimeipigia simu. Nimeomba kukaa kwenye benchi lao siku moja, bila tarakilishi, niwatazame tu wanavyofanya kazi.